Umri wa Mkono na Umri wa Mama

Barua ilifika Alhamisi saa nne, wakati wa chai, nayo ilifika ikiwa imeshafunguliwa. Mwalimu mkuu, Bwana Muinde, alisema ameifungua kwa bahati mbaya. Lakini bahasha ya bahati mbaya haichanwi kwa rula, na hii ilikuwa imechanwa ikanyooka kama mstari wa ubaoni.

"Mwalimu Syombua, hongera," alisema mbele ya walimu wote saba. "Kumbe ulistaafu mwaka jana na hukutuaga. Hata soda hukutununulia."

Walimu wakacheka. Syombua naye akacheka, kikombe mkononi, kwa sababu katika shule ile ya tambarare, chini ya mlima Sagalla, utani ndio uliokuwa sukari. Sukari yenyewe ilikuwa imeisha tangu Jumatatu. Yeye alifundisha hesabu. Rekodi ya kazini ilisema ana miaka hamsini na minane, amebakiza mwaka mmoja na miezi mitatu kabla ya kustaafu, na kila mwezi kati ya hiyo alikuwa ameshaupangia kazi: huu karo ya Ndanu, huu mkopo wa sacco, huu mabati.

Kisha akaisoma barua, na chai ikapoa.

Ilitoka Nairobi kwa mwajiri, kwa Kiingereza cha watu wasiokujua. Kwa ufupi ilisema hivi. Faili yake ya kazi inaonyesha alizaliwa mwaka 1967. Kitambulisho chake kinaonyesha 1965. Alete, ndani ya siku ishirini na moja, hati ya kwanza kabisa yenye habari za umri wake. Asipoleta, atahesabiwa kuwa alifikisha miaka sitini mwaka jana mwezi wa saba, na mishahara yote aliyolipwa tangu hapo itakatwa kwenye malipo yake ya kustaafu. Na chini kabisa, kwa herufi ndogo kama za dawa ya panya: anayetoa taarifa za uongo atachukuliwa hatua.

Miezi tisa. Elfu sitini na mbili mara tisa. Jibu lilimjia kabla hajalitaka: laki tano na elfu hamsini na nane.

"Hiyo ya mwisho ndiyo mbaya," Muinde alisema, akishusha sauti. "Hiyo ya uongo. Hiyo si makato, Mwalimu. Hiyo ni kesi."

Sauti aliishusha, lakini ofisi ilikuwa ndogo. Wote waliacha kutafuna.

Kengele ikalia. Syombua aliingia darasani, akaandika tarehe ubaoni, akaitazama, akaifuta, kisha akaiandika tena ileile.

*

Mumewe, Musyimi, alikuwa amekaa nje ya nyumba yao mtaa wa Sofia, akishona kandambili za tairi. Mkono wake wa kushoto ulikuwa na vidole vitatu. Viwili vilibaki kwenye mashine ya kiwanda cha mkonge, na Musyimi hupenda kusema kwamba hivyo viwili ndivyo vilivyopata ajira ya kudumu.

"Soma tena hapo pa siku," alisema.

"Ishirini na moja."

"Na imeandikwa lini?"

Syombua akatazama juu ya karatasi. "Siku tisa zilizopita."

"Basi ni kumi na mbili. Serikali ikikupa siku hulipia nauli kwa hizohizo." Akavuta uzi, akaukata kwa meno. "Mama Ndanu, kwani wewe una miaka mingapi?"

"Unaniuliza mimi? Si wewe umekaa na mimi miaka thelathini na minne?"

"Mimi nilioa mwalimu. Sikuoa tarehe."

Siku nyingine angecheka. Leo alikaa juu ya ndoo iliyopinduliwa, akamweleza polepole, kama anayejieleza kwa askari. Kitambulisho alikipata mwaka 1984. Alikwenda kwa chifu na mama yake, na chifu akauliza mtoto huyu kazaliwa lini. Mama hakujua mwaka, alijua njaa. Akasema, ni ile njaa tuliyokula unga wa njano wa msaada. Chifu akasema hiyo ni sitini na tano, akaandika. Lakini shuleni, tangu darasa la kwanza, alikuwa mtoto wa sitini na saba, na cheti kimoja kilizaa kingine: cha darasa la saba kikazaa cha sekondari, cha sekondari kikazaa cha chuo, cha chuo kikazaa mshahara.

"Na wewe hukuona kwamba haviko sawa?"

"Niliona."

Musyimi akaweka kandambili chini.

"Kila mtu wa rika letu ana miaka miwili, Baba Ndanu. Ya shule na ya kipande cha chifu. Hata Muinde anayo, anajifanya tu. Nani aliwahi kuiweka pamoja?"

"Kompyuta," Musyimi alisema. "Hiyo haina aibu."

Simu ikaita. Alikuwa Ndanu, binti yao, mwaka wa mwisho wa uuguzi Mombasa. Alitaka elfu kumi na mbili za kufanyia mazoezi ya hospitali, na alitaka kabla ya mwisho wa mwezi. Syombua alimjibu kwa sauti yake ya darasani, ile isiyotetemeka. "Itakuja, mwanangu. Soma." Alipokata, aliiweka simu chini mbali na yeye, kama kitu kinachoweza kuuma.

"Hati ya kwanza kabisa," Musyimi alisema, "ni kitabu cha darasa la kwanza. Kile walichokuandika siku ya kuingia shule. Shule yenu ya zamani si ilikuwa kule juu Sagalla?"

"Ilibomoka zamani. Mchwa."

"Vitabu navyo vililiwa?"

Syombua hakujua. Lakini alimjua mtu ambaye angejua.

*

Kabla ya mlima, ilibidi kwanza kupita kwa Mwanaesha. Mwanaesha ana duka la vifaa vya ujenzi mjini Voi, na ndani ya duka hilo mabati thelathini yalikuwa yamesimama pembeni kwa jina la Mwalimu Syombua tangu Januari, akiyalipia kidogokidogo. Jumamosi asubuhi alikwenda kumwambia kwamba mwezi huu atachelewa.

"Karibu, Mwalimu. Hujambo? Wa nyumbani hawajambo?"

"Hatujambo, dada."

Mwanaesha alimaliza salamu zote kwanza, moja baada ya nyingine, hakuruka hata moja. Kisha akavuta droo. "Mwalimu, wewe ni mtu wangu, sikufichi. Nimesikia maneno. Sikuyatafuta, yamekuja yenyewe na mteja wa misumari. Yasema watakiwa na serikali."

"Ni barua tu. Ni mambo ya tarehe."

"Naam. Nami sikushuku, Mungu apishe mbali. Lakini mabati hayajui kungoja, na mimi nina watu wanidai. Nimempa mtu mwengine." Akaweka noti juu ya kaunta. "Hizi ni fedha zako ulizotanguliza. Elfu kumi na nne. Zihesabu, usione haya."

Wateja watatu walikuwa wamesimama nyuma, mmoja na ndoo ya rangi. Syombua akazihesabu, mwalimu wa hesabu, akapoteza hesabu katikati, akaanza upya. Mwanaesha alimfungulia soda bila kuulizwa, na hiyo soda ndiyo iliyomuuma kuliko mabati. Aliinywa yote kwa sababu kuiacha kungekuwa vibaya zaidi.

Njia ya kurudi ilipita mbele ya kituo cha polisi. Kwa miaka thelathini alikuwa akipita pale bila kujua kwamba ni kituo cha polisi. Siku hiyo alivuka barabara, akapita upande wa pili.

*

Jumapili baada ya kanisa, bodaboda mbili ziliwapandisha Sagalla, Syombua kwenye moja, Musyimi kwenye nyingine akiwa amekumbatia mtungi wa maji wa lita ishirini. Mifereji ya huko juu ilikuwa kavu tangu Desemba, na mgeni anayekwenda kuomba hawezi kwenda na mikono mikavu pia.

Mzee Mwandawiro alikuwa mwalimu wa darasa la kwanza kabla Syombua hajajua kuvaa viatu. Sasa alikuwa na miaka themanini na kitu, sikio moja halisikii na la pili linachagua.

"Nani huyo?"

"Ni Syombua, Mwalimu. Nilisoma hapa."

"Wengi walisoma hapa. Umeleta maji?"

"Lita ishirini."

"Basi ingia."

Vitabu vilikuwepo. Shule ilipoanza kuliwa na mchwa, mzee alivihamisha vyote, akavitia kwenye sanduku la bati chini ya kitanda chake, na kwa miaka yote hiyo hakuna ofisi iliyowahi kuvidai. Musyimi aliliburuta sanduku kutoka uvunguni. Mzee akalamba kidole, akafungua mwaka 1974, akashuka na ukucha kwenye majina.

"Huyu hapa. Syombua, kambi ya mkonge. Mkono umefika. Umri, saba."

Saba kutoka sabini na nne ni sitini na saba. Syombua alikaa kwenye ukingo wa kitanda cha mtu bila kukaribishwa. Musyimi alipiga paja lake kwa vile vidole vitatu.

"Mkono umefika wapi, Mzee?" aliuliza, akicheka.

"Sikioni." Mwandawiro alipitisha mkono wake wa kulia juu ya kichwa, akagusa sikio la kushoto. "Hivi ndivyo nilivyowapima. Akigusa sikio ana miaka saba, aingie. Asipogusa, arudi nyumbani. Wazazi ningewauliza nini? Huyu atasema kazaliwa wakati wa mvua, huyu kazaliwa ndovu walipovunja shamba. Mkono haudanganyi."

"Na asiyefika," Syombua aliuliza, na hapohapo akatamani angenyamaza, "ulimwandika?"

"Niliandika wote. Mtoto kapandishwa mlima mzima, nimrudishe bila hata kumwandika jina?" Mzee alikuwa ameshafungua kitabu cha 1973. Alikuwa anafurahia sasa. Ni muda mrefu hakuna aliyemuuliza kitu anachokijua. "Wewe huyu tena. Syombua. Mkono haujafika." Akafungua 1972. "Na huyu. Syombua, ameletwa na mama yake, kambi ya mkonge. Mkono haujafika. Umri, bado."

Musyimi akaacha kucheka.

"Mara tatu," mzee alisema. "Ulikuwa mfupi wewe."

"Hata sasa ni mfupi, Mwalimu."

Mwandawiro alimtazama kwa mara ya kwanza tangu waingie, kuanzia viatu hadi kitambaa cha kichwa. "Chakula kilikuwa kidogo kule kambini," alisema, akafunga kitabu.

Syombua hakuhitaji hesabu nyingine. Kutoka kambini hadi pale ni mlima wa saa tatu, na hakuna mama aliyeupanda na mtoto wa miaka mitano kumpeleka shule. Mama yake alimleta akiwa na saba, mwaka unaofaa. Mkono ndio uliochelewa, mkono mfupi wa mtoto aliyezaliwa na njaa, nao ulimfutia miaka miwili aliyokwisha kuishi.

Mzee aliwapa vitabu vyote vitatu. "Vipigeni picha, mvirudishe. Nikifa vitakuwa vya kuwashia moto."

*

"Kimoja," Musyimi alisema walipofika nyumbani. "Kile cha sabini na nne. Hivi viwili virudi chini ya kitanda."

"Nimeviona, Baba Ndanu."

"Kuona si kesi. Kesi ni kuonyesha." Alikuwa hacheki. "Laki tano na nusu, Syombua. Mtoto amebakiza miezi minane. Kwani umeiba? Umefundisha au hukufundisha hiyo miezi tisa?"

"Nimefundisha."

"Basi wamekulipa kazi. Karatasi ya mzee imeandikwa saba, kwa wino, na mwalimu wa serikali. Wewe ni nani umbishie mwalimu?"

Ilikuwa hoja nzuri. Syombua aliirudia moyoni siku nne mfululizo, na kila alipoirudia ilikuwa nzuri, lakini kila simu ilipoita aliiacha ilie mara tatu kwanza. Kitambulisho alikitoa kwenye pochi akakificha chini ya kanga kabatini, kisha akakitoa kabatini akakirudisha kwenye pochi. Shuleni Muinde aliacha kumtania, na hiyo ilimtisha kuliko utani. Jumatano, wakati wa mtihani, alimwona mtoto akinakili kwa mwenzake, mchana kweupe, shingo imenyooka kama twiga. Akapita, akatazama dirishani.

*

Ijumaa alikwenda ofisi ya elimu mjini Voi na bahasha ya kaki. Ndani yake mlikuwa na nakala tatu. Alimwambia Musyimi amebeba tatu kwa sababu hajui watauliza nini, na Musyimi, aliyekuwa amebeba vitabu vyenyewe hadi mlangoni, alimkabidhi bila kumtazama. Alibaki nje na mwenye bodaboda. Vitabu Syombua aliingia navyo, kwa kuwa wangetaka kuona asili.

Afisa aliitwa Ayub, mtu wa makamo, kofia imekaa vizuri, meza haina vumbi. Nyuma ya Syombua kulikuwa na foleni ya benchi zima. Alitoa karatasi moja, ile ya 1974, akaisukuma mezani pamoja na kitabu chake.

Ayub aliisoma, akailinganisha na kitabu, akaitikia kwa kichwa, ameridhika. "Hii nzuri sana. Hii ni miaka kumi kabla ya kipande. Nikiituma hii, Mwalimu, sioni watakachopinga. Utastaafu mwakani, malipo yako kamili, na pensheni yako ya kila mwezi." Akageuza fomu. "Jaza jina. Halafu uweke sahihi hapa, chini ya kiapo."

Kalamu ilikuwa imefungwa kwa kamba kwenye meza. Syombua aliandika jina. Kisha akakisoma kiapo, kwa sababu mwalimu hata akiogopa husoma. *Naapa kwamba hii ndiyo hati ya kwanza kabisa yenye habari za umri wangu ambayo ninaifahamu.*

"Nikiweka sahihi," alisema, "halafu baadaye ikaonekana nyingine?"

"Nyingine ipo?"

Ayub aliangalia vitabu vingine viwili chini ya kwapa la Syombua, kisha akaangalia dirisha. "Mwalimu," alisema taratibu, "hilo nimeuliza, lakini si lazima ulijibu."

Alikuwa mtu mwema. Alikuwa anamfungulia mlango. Ingetosha kuandika sahihi yake ndogo aliyoandika kwenye daftari elfu ngapi. Syombua alijiona ana miaka sabini na tano, magoti yameisha, pensheni ndiyo chakula, na kila mwisho wa mwezi amekaa na simu mapajani akingoja iingie au isiingie, kwa sababu mahali fulani kompyuta isiyo na aibu imeweka karatasi mbili pamoja. Hofu ya siku nane ilikuwa imemlaza chali. Ya miaka ishirini angeibeba kwa mgongo upi?

Akafungua bahasha, akatoa zile mbili.

Ayub alizisoma bila haraka. "Mkono haujafika," alisoma kwa sauti ndogo. Kisha ya pili. "Haujafika." Akavua miwani. "Nikizibana hizi tatu pamoja, sitaamua mimi, Mwalimu, wala mkubwa wangu. Wataamua Nairobi. Huenda wakashika sabini na nne, kwa kuwa ndiyo iliyoandikwa umri. Huenda wakasema jambo linajionyesha lenyewe."

"Na mimi?"

"Wewe uendelee kufundisha mpaka wajibu. Mshahara utaingia kama kawaida. Wakikukatalia, na huo pia utaurudisha."

"Yaani kila siku nikiingia darasani deni linakua."

"Au halikui. Hapo ndipo palipo."

"Watachukua muda gani?"

"Kuna waliojibiwa kwa miezi miwili. Kuna aliyengoja minane." Alikuwa ameshika mashine ya kubana karatasi, hajaibonyeza. "Naweza kukurudishia hizi mbili. Sijaziandika mahali."

Mtu kwenye benchi alikohoa. Syombua alisikia sauti yake mwenyewe, nyembamba, si ile ya darasani.

"Zibane."

"Zote?"

"Zote tatu. Uanze na sabini na mbili."

Mashine ilikwama mara ya kwanza. Ayub aliipiga ngumi, pini ikaingia. Akampa nakala yenye muhuri, na Syombua akatia sahihi fomu nyingine aliyopewa, iliyokuwa ndefu kuliko ya kwanza.

*

Nje, Musyimi alimwona usoni kabla hajafika ngazi ya mwisho.

"Umetoa ngapi?"

"Tatu."

Musyimi alimtazama mwenye bodaboda, akatazama barabara nyeupe kwa jua, akapapasa mfukoni ilipokuwa ile noti ya mia ya nauli, akaiacha palepale.

"Wewe nenda tu, rafiki," alimwambia mwenye bodaboda. "Sisi tutatembea."

"Jua hili?" Syombua alisema.

"Tuanze kuzoea mapema."

Syombua alitaka kucheka. Kilichotoka hakikuwa kicheko, naye alikifuta kwa ncha ya kitambaa. Wakashika njia ya Sofia, Musyimi mbele hatua mbili, kama anavyotembea akiwa na hasira. Walipita duka la Mwanaesha, walipita stendi ya makaa.

"Umenikasirikia, Baba Ndanu."

Musyimi alisimama. "Nimeogopa," alisema. Neno hilo Syombua hakuwahi kulisikia kinywani mwake, hata wakati ule kiwanda kilipomla vidole na akarudi nyumbani na mkono umefungwa kwa gunia, akiuliza kama chakula kiko tayari. "Nimeogopa sana, Syombua."

"Hata mimi."

Walisimama pale kwenye vumbi, watu wakiwapita. Kisha Musyimi akanyoosha mkono.

"Lete hivyo vitabu vya mzee. Ni vizito."

Akampa viwili, kimoja akabaki nacho.